Kikanisa cha Wavuvi wa Ulvön

Mwaka 1986 ulikuwa mgumu kwa Waswidi, na mimi nilikuwa mgeni wao. Usiku wa tarehe 28 Februari Waziri Mkuu Olof Palme alipigwa risasi barabarani Stockholm, akitoka sinema na mkewe, bila mlinzi. Aprili upepo ukaleta sumu ya mlipuko wa Chernobyl, mvua ikaishusha Gävle na sehemu kubwa ya pwani inayopanda kuelekea kaskazini. Kufika majira ya joto watu walikuwa wanasimama msituni na vikapu mkononi, wanaulizana kama uyoga unalika. Nilikuwa nasoma katika chuo cha wananchi, aina ya chuo ambayo Tanzania ilianza kuwa nayo mwaka 1975 kwa kujifunza kutoka kwao. Mtu akisikia natoka nchi ya Nyerere ananishika mkono kwa mikono yake miwili, utadhani nimekuja kuhani msiba. Kwa kiasi fulani ndivyo ilivyokuwa. Palme tulimlilia hata kwetu.

Chuo kikafunga, nikapata mwaliko wa kwenda kisiwani Ulvön. Aliyenialika alikuwa muuguzi mstaafu aliyefanya kazi miaka mingi katika hospitali ya misheni mkoani Kagera, na sasa alikuwa anakaa majira ya joto katika nyumba ya ukoo wake kisiwani. Nilipanda boti ya abiria Köpmanholmen nikiwa na begi moja na hofu ya maji ya mtu aliyekulia ufukweni. Wanaocheka hofu hiyo ni wale ambao hawajawahi kuona Ziwa Victoria likichafuka. Pwani ile huitwa Pwani ya Juu, na jina limeistahili: vilima vya mwamba na misonobari vinashuka moja kwa moja hadi majini, kisha visiwa, kisha bahari tupu mpaka Ufini.

Mama, ndivyo nilivyomwita mwenyeji wangu, alikuwa amesimama gatini. Nilimwamkia mbele ya abiria wote.

"Shikamoo Mama."

"Marahaba mwanangu. Mbona umekonda hivyo? Chuoni hawakulishi?"

Kiswahili chake kilikuwa na lafudhi ya Kihaya iliyokolea kuliko yangu. Abiria waligeuka kumwangalia yeye, si mimi.

Ulvöhamn, kijiji chenyewe, ni njia moja inayofuata mlangobahari kati ya kisiwa cha kaskazini na cha kusini. Upande wa maji kuna vibanda vya mashua vilivyopakwa rangi nyekundu, upande wa mlima kuna nyumba. Wakazi wa mwaka mzima walikuwa wamebaki wachache. Wengine wote ni watu wa likizo na wenye boti za matanga. Siku ya pili Mama aliniambia twende tukaone kanisa la zamani. Nikaanza kutafuta mnara. Baba yangu alikuwa mwinjilisti wa KKKT katika mtaa mmoja wa ufukweni kusini ya Bukoba, na kichwani mwangu Kanisa la Kilutheri lilikuwa jambo la matofali: ukuta mnene, madirisha marefu, kengele inayosikika hadi kijiji cha pili. Wamisheni ndivyo walivyotujengea, nami nikajua kwao lazima mambo ni makubwa zaidi.

Mama akasimama mbele ya nyumba ya magogo, fupi, ambayo ingekuwa kwetu ningesema ni ghala la kahawa la chama cha msingi. "Ndilo hili," akasema. Lilijengwa mwaka 1622.

Ufunguo ulikuwa kwa mzee mmoja, mvuvi wa zamani aliyekwisha pita miaka themanini. Waswidi huitana kwa jina la kwanza, mkubwa na mdogo, hata waziri. Mdomo wangu ulikataa kabisa kumfanyia hivyo mtu wa umri wa babu yangu, kwa hiyo nilimwita Babu, na Mama alipomweleza maana yake mzee alivuta kofia mbele kidogo na kuanzia hapo akawa haitikii jina jingine kutoka kwangu. Alifungua mlango, akainama, akaingia kwanza. Kila mtu huinama pale.

Ndani nilisahau habari ya ghala. Kuta na dari zimechorwa. Kazi hiyo ni ya mwaka 1719, ya mchoraji aliyeitwa Roland Johansson Öberg, na amejaza habari za Biblia kila mahali ambapo brashi ingefika. Si mchoraji wa ikulu. Nyuso zake zinafanana kama za ndugu, mikono imekuwa mikubwa kuliko inavyotakiwa, na mahali ambapo ubao umekutana na ubao, mstari unapita katikati ya joho la mtu. Nilisogea hadi pua ikakaribia ukuta. Ulikuwa unaona fundo la mti chini ya rangi, na pale ambapo mti ulikuwa umetanuka na kusinyaa kwa baridi za miaka zaidi ya 260 rangi ilikuwa imepasuka nyufa nyembamba kama nywele. Nimeingia makanisa makubwa ya Ulaya baada ya hapo, yale ya kulipia kiingilio, na sikuwahi kukaa muda mrefu hivyo nikiangalia ukuta.

Halafu fikiria mwaka wenyewe. Mwaka 1719 Uswidi ilikuwa inamalizia vita vyake virefu na Urusi, na imeshindwa. Kiangazi hicho meli za Warusi zilikuwa zinachoma miji na mashamba katika visiwa vya Stockholm. Mwaka 1721 zikapanda pwani hii hii. Sundsvall ikaungua, Härnösand ikaungua. Na hapa, katikati ya habari hizo, mtu amesimama juu ya jukwaa la mbao anapaka mawingu darini. Kwa nini kikanisa hiki hakikuungua sikupata wa kunieleza. Babu aliinua mabega tu. Kwake jambo la kushangaza lilikuwa jingine: kwamba katika nyumba ya mbao, iliyojaa wavuvi wenye viko na mishumaa, hakuna aliyewahi kuichoma kwa bahati mbaya.

Waliojenga hawakuwa wenyeji wa kisiwa. Walikuwa wavuvi wa mji wa Gävle, zaidi ya kilomita 250 kusini. Tangu karne ya 16 walikuwa na haki kutoka kwa mfalme ya kuvua samaki pwani za kaskazini. Barafu ikishayeyuka walipakia mashua kubwa: nyavu, mapipa, chumvi, wake, watoto, hata mbuzi wa maziwa, wakapanda na pwani hadi katika bandari zao za kila mwaka. Wakakaa huko majira yote ya joto wakivua heringi wadogo wa Baltiki, wakiwatia chumvi, kisha vuli wakarudi mjini kuuza. Msomaji wa Pwani yetu hahitaji kuelezwa zaidi. Ni watu wa dago. Wanahama na samaki, wanapiga kambi, wanaondoka.

Tofauti ni kwamba dago hili lilijenga kanisa. Na si hili peke yake. Barsta, bara upande wa kusini, kuna la mwaka 1665. Trysunda, kisiwa cha jirani, kuna jingine la karne hiyo hiyo. Kote pwani ile utakuta vikanisa vya mbao katika bandari ambazo wakati wa baridi zilikuwa hazina mtu. Mchungaji wa parokia alikuwa bara, mbali, na alikuja mara chache majira yakiwa mazuri. Jumapili nyingine zote mvuvi mwenye kusoma vizuri alisimama akasoma Injili na mahubiri kutoka kitabuni, wakaimba, wakatoka. Kusoma walijua. Sheria ya kanisa ya mwaka 1686 ilitaka kila mtu ajue katekisimu yake, na mchungaji alipita nyumba kwa nyumba kuwahoji, mkubwa na mdogo. Hapo nilicheka peke yangu kanisani. Mimi katekisimu niliipata kwa baba, kwa njia iyo hiyo, pamoja na kuchapwa kidogo nilipokwama kwenye amri ya tisa. Nilikuwa nadhani ni ukali wa baba yangu mwenyewe.

Lakini kilichonikaa zaidi kuliko picha ni habari ya sheria. Katika bandari hizo za uvuvi ibada na utawala vilikuwa kazi ya watu wale wale. Wavuvi walichagua msimamizi wa bandari kutoka miongoni mwao, na kufika karne ya 18 utaratibu wao ulikuwa umeandikwa na kutambuliwa na mfalme. Nani atatega wapi, waliamua kwa kura, ili mwenye nguvu asijitwalie mahali penye samaki kila mwaka. Mwenye kugombana alipigwa faini. Mwenye kuvua katika saa za sabato alipigwa faini pia, kwa sababu kuanzia Jumamosi jioni nyavu zilipaswa kukaa nchi kavu. Hilo la sabato utalichukua kama ucha Mungu, na kweli ndivyo lilivyo. Babu aliliangalia kivuvi zaidi. Alisema kupitia kwa Mama: samaki naye anahitaji siku ya kupita.

Nilimwuliza kama watu walitii. Akanitazama kama mtoto.

"Anasema," Mama akatafsiri, "mkiwa mnalala vibanda vinavyogusana, na mashua zenu zimefungwa pamoja, na Jumapili mnakaa benchi moja, utamkwepa nani?"

Naye Mama akaongeza la kwake bila kuulizwa, maana wauguzi wa misheni hawajui kunyamaza: kwamba kule kwetu kosa la wamisheni lilikuwa kujenga kanisa mlimani, kwenye hewa nzuri, na kuacha mwalo chini kwa wachuuzi na walevi. Sikukubaliana naye kwa yote. Si wamisheni walioanzisha imani ile Bukoba. Wahaya waliotoka Uganda walikuwa wakikusanyika kusoma kabla Wajerumani wa misheni ya Bethel hawajafika mwaka 1910, na hao hawakungoja mlima. Lakini kuhusu mwalo alisema kweli. Miaka ile ya themanini sangara walikuwa wameijaza Victoria, pesa zilikuwa zinamwagika ufukweni, kambi zilichipuka katika visiwa usiku mmoja, na ukitafuta mtu wa kuamua ugomvi wa nyavu ulimkuta mwenye mitumbwi mingi. Baba alikuwa anashuka huko Jumapili alasiri na Biblia yake kwapani. Walimpa soda. Mashauri hawakumletea.

Babu alitutoa nje akatuonyesha jambo jingine ambalo sikulielewa mara ya kwanza. Alinyoosha fimbo kutoka mlangoni mwa kanisa hadi kwenye maji, akasema zamani bahari ilikuwa karibu zaidi. Nikadhani ni maneno ya wazee. Kumbe ni hesabu. Wakati wa zama za barafu pwani hii ilikuwa imebebeshwa barafu nene kiasi kwamba ardhi yenyewe ilididimia. Barafu ilipoyeyuka, ardhi ikaanza kuinuka, na mpaka leo inainuka milimita 8 hivi kwa mwaka. Ufuo wa kale kabisa uko sasa mita 286 juu ya bahari, vilimani huko, mahali pa kupanda na fimbo. UNESCO waliiandika pwani hiyo katika Urithi wa Dunia mwaka 2000 kwa sababu hiyo. Kwa mwendo huo, tangu 1622 hadi mwaka niliosimama pale, nchi ilikuwa imepanda karibu mita 3. Mvuvi aliyejenga kibanda juu ya maji, mjukuu wake alikikuta nchi kavu, akalazimika kujenga kingine chini zaidi. Kila kizazi kimesogeza vibanda kikifuata maji. Kanisa peke yake halikusogezwa, ndiyo maana lilionekana kwangu limekaa nyuma, kama limesusa.

Wavuvi wa Gävle wenyewe waliacha kuja polepole, karne ya 19 ikielekea ukingoni, na Ulvöhamn ikabaki kwa waliokuwa wamehamia moja kwa moja. Kanisa jipya, kubwa zaidi, likajengwa. La zamani likawa la kuangaliwa, na la harusi za majira ya joto. Sina la kusema kuhusu hilo jipya. Nilisali mle Jumapili moja, tulikuwa watu wachache sana na kinanda kizuri.

Jioni baada ya kusali Mama alitoa sanduku la picha za Kagera, nami nikasimulia ya baba. Baba alikuwa anamkumbuka mmisheni Bengt Sundkler tangu vita vya pili vya dunia, Wajerumani wa misheni walipowekwa kizuizini na Waswidi wakaja mwaka 1942 kushika kazi. Kisha akamwona tena amekuwa askofu, 1961 hadi 1964, akimwachia kiti Josiah Kibira, ambaye baadaye, mwaka 1977 Dar es Salaam, alichaguliwa kuwa Mwafrika wa kwanza kuliongoza Shirikisho la Walutheri Duniani. Baba alipenda kusema Sundkler alikuwa profesa mkubwa anayekaa chini na wazee kama hana haraka. Mama akasema alizaliwa Västerbotten, mkoa unaofuata kaskazini tu mwa hapo. Sikuwa nimewahi kufikiri kwamba maaskofu wa Ulaya wana mikoa. Nilikuwa nawaona wametoka Ulaya, basi, nzima nzima.

Alhamisi ya tatu ya Agosti ikafika, na hapo ndipo nilipojua kisiwa hicho kinajulikana kwa nini Uswidi nzima. Siku hizo ilikuwa bado sheria kwamba heringi waliochachushwa wa mwaka huo hawauzwi kabla ya Alhamisi hiyo. Sheria ilifutwa 1998, desturi haijafutwa. Samaki huvuliwa masika kabla hawajataga, hutiwa katika maji yenye chumvi kidogo tu, huachwa kuchacha ndani ya mapipa, kisha Julai hufungwa makoponi, ambamo wanaendelea kuchacha hadi kopo linavimba juu na chini. Chumvi ililetwa kwa meli kutoka mbali na ilikuwa ghali. Asiyekuwa na ya kutosha kuwakausha samaki alijifunza kuwala hivyo. Ni chakula cha watu waliobana chumvi, kama wale waliojenga kile kikanisa.

Babu alifungulia kopo nje, ndani ya ndoo ya maji, akiwa ameangalia upande upepo unakotoka. Sitaeleza harufu. Nitasema tu kwamba inzi walifika kabla kopo halijaisha kufunguliwa, na mtoto mmoja wa watu wa likizo alianza kulia. Unachukua mkate mwembamba kama chapati kavu, unapaka siagi, viazi vya kuchemsha vilivyokatwa, vitunguu, samaki juu, unakunja. Meza nzima ilinyamaza kunitazama. Nilikula. Ni chumvi, kisha ukali, kisha ladha ya jibini iliyozeeka; nikala cha pili, na hapo Babu akapiga meza kwa kiganja akasema neno ambalo Mama alikataa kulitafsiri. Mtu aliyekulia kwenye vichanja vya dagaa msimu wa mvua hatishwi na kopo.

Nilimwandikia baba barua ndefu: picha, kura za nyavu, faini, ardhi inayopanda. Nikamweleza pia kwamba wavuvi wale walilipa zaka kwa samaki, nikijua litamgusa, kwa sababu kwetu nako asiye na pesa huleta ndizi, kuku au samaki, na baada ya ibada vinapigwa mnada nje ya kanisa. Jibu lilichukua wiki nyingi kufika. Ardhi inayopanda hakuigusa hata kwa neno. Kuhusu picha alisema Mungu asifiwe. Kisha akauliza swali lililoonyesha ni mtu aliyesimamia minada mingi: samaki wa zaka alikuwa anachagua nani, mvuvi au mchungaji?

Nikampelekea Mama swali, naye akalifikisha. Babu, aliniandikia, alicheka mpaka akakohoa, akasema nimwambie baba yangu kwamba mchungaji alikuwa anapewa wadogo, kila mtu alijua, mchungaji mwenyewe alijua, na ndiyo maana alipokuja alihubiri muda mrefu.